Re: Mtumishi wa umma akiandika yake Facebook anaweza kufukuzwa kazi?

Mkuu umeuliza kama mwalimu anaweza kuadhibiwa kwa kulalamikia uhaba wa madawati kwenye akaunti yake binafsi. Jibu fupi, anaweza, ila sio kirahisi kama wanavyokutisha hapo ofisini. Katiba ya Tanzania ibara ya 18 inakupa uhuru wa maoni kama raia yeyote, lakini ulivyosaini ajira umeingia pia kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma ya 2002 na kanuni zake za maadili, na humo ndo kuna kutunza siri na kutochanganya kazi na siasa za vyama.

Kusema watoto wanakaa chini ni kitu kimoja, kupiga picha barua yenye mhuri wa SIRI ukairusha stetasi ni kingine kabisa, hapo usiniite nije kukutetea. Na ukitaja takwimu hakikisha ni za kweli maana Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kifungu cha 16 inahusu taarifa za uongo, hiyo sasa ni kesi ya jinai sio barua ya onyo.

Jamaa yangu alidhani grupu la WhatsApp la wafanyakazi ni sebuleni kwake, akamponda bosi saa nne usiku, asubuhi anakuta skrinishoti imechapwa iko mezani. Wakikuandikia barua ya kujieleza jibu kwa maandishi, baki na kopi, na ukiadhibiwa rufaa ipo.