Kabla ya kumsoma Akhil Amar, msome Kuruma

Vijana wa sheria huniuliza waanzie wapi na maandishi ya Akhil Reed Amar, profesa wa Yale, kuhusu ushahidi wa jinai na katiba. Mimi huwaambia waanze na kesi ya kwetu Kenya.

Kuruma bin Kaniu alikuwa akienda kwao kwa baiskeli enzi za hali ya hatari ya Mau Mau. Akasimamishwa kwenye kizuizi cha barabarani, akapekuliwa na askari ambao cheo chao hakikuwaruhusu. Wakadai wamemkuta na risasi mbili na kisu cha mfukoni. Kisu chenyewe mahakamani hakikuonekana. Wazee wa baraza, yaani washauri wa mahakama, wakashauri aachiwe, lakini akahukumiwa kifo kwa kukutwa na risasi hizo. Rufaa ilipofika Privy Council, mahakama ya mwisho ya rufaa za makoloni kule London, ikatupwa: ushahidi ukigusa shauri, unapokelewa, na mahakama haiulizi umepatikanaje.

Ukishaumeza uchungu huo, fungua makala ya Amar ya 1994 katika jarida la sheria la Harvard. Utashtuka, maana kwa namna fulani yuko upande wa London. Anasema Marekebisho ya Nne ya Katiba ya Marekani yanakataza upekuzi usio na sababu ya maana, ila hayasemi popote kwamba ushahidi utupwe. Zamani aliyevamiwa alimshtaki ofisa na kulipwa fidia. Kutupa ushahidi humnusuru mwenye hatia, huku asiyekutwa na kitu akiambulia patupu.

Hoja hiyo ya mwisho siwezi kuipinga. Nimekaa na mteja aliyepinduliwa magodoro usiku, unga ukamwagwa sakafuni, wasipate kitu. Kesi haikuwepo, basi ushahidi gani utupwe? Lakini dawa ya fidia ndiyo inayonishinda. Kuishtaki serikali kunataka wakili, ada na miaka ya kusubiri. Na Kuruma angeidai fidia yake akiwa wapi?

Kwa hiyo soma ukiwa na Ibara ya 50(4) ya Katiba yetu ya 2010 pembeni. Ushahidi uliopatikana kwa kukiuka haki huondolewa iwapo kuupokea kutaharibu haki katika kesi au kudhuru utoaji haki kwa jumla. Hakimu ameachiwa mizani, na ni kwenye mizani hiyo mwendesha mashtaka mwerevu ataziweka hoja za Amar. Wewe unayetetea, uwe umeshazisoma.