Kabla Hujalipia Darasa la Pasta Italia

Darasa langu la kwanza la pasta nililihudhuria Roma, na nilitoka bila kujifunza chochote. Tulikuwa watu ishirini na wawili kuizunguka meza moja ndefu, mashine mbili za kuzungusha kwa mkono, na kijana mchangamfu aliyepita na chupa ya mvinyo mara nyingi kuliko alivyopita na unga. Donge lilikuwa limeshakandwa kabla hatujafika. Zamu yangu ilipowadia nilizungusha mpini mara sita hivi, wenzangu wakapiga makofi, nikampisha aliyefuata. Baadaye tukaletewa pasta ambayo hakuna aliyejua imetengenezwa na nani. Picha, lakini, zilitoka nzuri.

Siku nne baadaye, Bologna, nilisimama saa tatu nzima mbele ya kibao cha mbao nikitokwa jasho, mama wa watu akinishika viganja kama mtoto anayefundishwa kuandika. Huko nilijifunza. Tofauti ya bei kati ya madarasa hayo mawili ilikuwa euro kumi tu.

Kwa hiyo mtu akiniuliza kama darasa la pasta lina thamani ya pesa yake, humwambia lina thamani iwapo mikono yake mwenyewe itafanya kazi yote, kuanzia unga mkavu mpaka sufuriani. Pungufu ya hapo, umenunua chakula cha mchana cha bei mbaya.

Anza kwa kuchagua mji, darasa baadaye. Pasta ya Italia si moja. Kule Emilia-Romagna, mkoa wenye Bologna na Modena, pasta mbichi ni unga laini wa ngano na mayai, basi. Ukiteremka kusini hadi Puglia, yai linatoweka: wanatumia semolina ya ngano ngumu na maji. Katika mji mkongwe wa Bari, kwenye kichochoro cha Arco Basso, akina mama huketi nje ya milango yao wakitengeneza orecchiette, vipande vidogo vyenye umbo la sikio, kwa kisu butu na kidole gumba. Hizo ni kazi mbili tofauti kabisa, na mwalimu wa moja si lazima awe fundi wa nyingine. Roma wanafundisha zote, kwa kuwa wageni ni wengi, ingawa vyakula vinavyotambulisha mji wenyewe, kama carbonara, kwa kawaida hupikwa kwa pasta kavu ya dukani. Mimi nilitaka kujua kusukuma unga kwa mkono. Ningelikwenda Bologna moja kwa moja ningeokoa siku.

Ukishapata darasa, usilipe kabla ya kuuliza. Kila mtu ana kibao chake au mnashirikiana? Tunasukuma kwa mti wa kusukumia au kwa mashine? Mko wangapi? Unga tunaukanda wenyewe? Wakizidi wanane kwa mwalimu mmoja, mimi siendi. Mwenye darasa zuri atakujibu kwa mistari miwili na huenda akakuuliza kama umewahi kukanda unga. Anayekujibu kwa kukurushia kiungo cha kulipia, achana naye.

Na swali ambalo wengi wetu tunaona haya kuliuliza: ndani kuna nini? Tortellini, fahari ya Bologna, hujazwa nyama ya nguruwe, prosciutto na mortadella, ambazo zote mbili ni nguruwe pia, pamoja na jibini, yai na kungumanga. Hata ragù yao, mchuzi mzito wa nyama ya ng'ombe, kwa desturi huanzia na pancetta, na hiyo vilevile ni nguruwe. Ukisubiri kuuliza mezani, umechelewa. Andika mapema “senza maiale”, yaani bila nguruwe, na uombe tortelloni: wakubwa zaidi, wenye jibini laini ya ricotta na majani ndani, wanaoliwa kwa siagi na majani ya seji. Si chakula cha kuwafariji wasiokula nguruwe. Wabologna wenyewe wanakipenda. Anayechunga zaidi ajue pia kwamba jibini la Parmigiano Reggiano hugandishwa kwa kimeng'enya kinachotoka tumboni mwa ndama. Kuhusu mvinyo sikupata shida yoyote. Niligeuza glasi, wakaniletea maji.

Sasa nikuambie kilichotokea kwenye kibao, maana ndicho unachokilipia.

Darasa la Bologna lilianza saa nne asubuhi, ghorofani, juu ya zile baraza ndefu zenye nguzo ambazo UNESCO iliziweka kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2021. Ilikuwa Julai na joto lilikuwa halisemeki, lakini madirisha yalifungwa na feni ikazimwa. Nilidhani ni ubahili. Kumbe upepo hukausha unga kabla hujamaliza kuusukuma, kingo zikapasuka, na kazi ikaishia hapo. Ukiona mwalimu anafundisha kusukuma chini ya feni, shuku.

Kipimo ni rahisi kukumbuka: gramu 100 za unga wa 00 kwa yai moja, na hiyo ni sehemu ya mtu mmoja mwenye njaa. (Hiyo 00 inahusu jinsi unga ulivyosafishwa makapi. Haikuambii nguvu ya unga, na hapo watu wengi hukosea wakinunua.) Nilipewa gramu 200 na mayai mawili. Unatengeneza kilima, unachimba shimo katikati, unavunja mayai humo, unaanza kukoroga kwa uma ukivuta unga wa pembeni kidogo kidogo. Ukuta wangu ulibomoka upande mmoja, ute ukakimbilia ukingoni mwa meza. Signora, mwalimu wetu, aliuzuia kwa upande wa kiganja bila hata kukatiza maneno yake.

Mimi nimesukuma chapati tangu utotoni, na nilikwenda pale nikijiona fundi. Hapo ndipo nilipoadhirika. Unga wa yai mwanzoni ni mkavu na mgumu, umechanikachanika, na kila mshipa wa mkono wangu uliniambia ongeza maji. Nikanyoosha mkono kwenye bilauri. Signora akaushika. “No, cara,” yaani hapana, mpenzi. Akanionyesha: sukuma mbele kwa kisigino cha kiganja, kunja, zungusha, rudia. Dakika tano, bado mawe. Dakika kumi, unaanza kutii. Dakika ya kumi na tano uligeuka laini kama ncha ya sikio, bila tone la maji. Unga ni ule ule na yai ni lile lile, ila kukanda kumeunganisha gluteni, zile nyuzi zinazoufanya unga unyumbuke. Kisha unafunikwa vizuri na kupumzishwa nusu saa, maana nyuzi hizo zikiwa zimekaza ukisukuma unga unarudi ulikotoka. Dakika hizo kumi na tano huwezi kuzipata kwenye video. Lazima ufike pale unapotaka kukata tamaa, mtu akwambie endelea.

Halafu kusukuma. Mti wao, mattarello, ni mrefu kuliko mkono wangu wote. Kwenye chapati tunakandamiza chini. Hapa ukikandamiza unatoboa. Mti unabiringika huku viganja vikiteleza kutoka katikati kuelekea ncha zake, kwa hiyo unga unavutwa kwenda pembeni zaidi ya kubanwa. Unageuza robo, unasukuma, unageuza robo. Unga ukipanuka, unauachia uning'inie ukingoni mwa meza ili uzito wake wenyewe usaidie kuuvuta, na tumbo lako linaushikilia usianguke. Ndiyo, tumbo, aproni haipo kwa ajili ya urembo tu. Ukishakuwa shuka moja kubwa jembamba unaitwa sfoglia, na wanawake wanaoifanya kazi hiyo huitwa sfogline. Wabologna husema sfoglia nzuri ni ile ambayo ukiiinua unaliona kanisa la San Luca, lile la juu ya kilima, kupitia ndani yake. Yangu ilikuwa na tundu katikati, kwa hiyo kanisa tungeliona waziwazi kabisa.

Kukata kulikuja na somo lake. Unaiacha sfoglia ikauke kidogo isinate, unaikunja, unakata kwa kisu kirefu. Nilikata mikanda. Signora alicheka, akaelekeza kidole dirishani upande ulipo mnara wa Asinelli, mrefu kuliko minara yote ya kale mjini. Tarehe 16 Aprili 1972 kipimo cha tagliatelle kiliandikishwa rasmi katika Chemba ya Biashara ya Bologna: ikishaiva iwe na upana wa milimita 8, sawa na sehemu moja ya 12,270 ya urefu wa mnara huo. Yangu, kwa makadirio yake, ilistahili mnara mrefu maradufu. Usitafute spaghetti bolognese mjini humo, kwa njia. Ragù inakwenda na tagliatelle, kwa sababu pasta iliyosukumwa kwa mti juu ya mbao ina uso wenye kukwaruza kidogo, na mchuzi unaushika. Kwenye maji ya chumvi yanayochemka ilikaa dakika mbili, si zaidi.

Mambo madogo, kwa haraka. Kata kucha, vua pete na bangili, funga nywele. Vaa viatu vya kusimamia saa tatu na usivae nguo nyeusi. Kunywa chai nyepesi asubuhi, kwa kuwa utakula ulichopika na kitakuwa kingi. Liweke darasa siku za mwanzo za safari, ingawa si siku ya kutua, maana baada yake utaingia mgahawani ukijua unachokiangalia. Simu iache mfukoni. Vidole vimejaa yai hata hivyo. Mimi nilimwomba jirani yangu anirekodie mikono ya mwalimu mara mbili tu, unga ulipokuwa umefikia ulaini unaotakiwa na sfoglia ilipokuwa ikigeuzwa. Hizo mbili nimeziangalia mara nyingi kuliko picha zote za Roma.

Zawadi: usibebe mashine. Nilinunua mattarello na kuuweka kwenye begi kubwa la kupakiwa, kwa sababu sikutaka kumweleza afisa wa usalama kwa nini naingia kwenye ndege na rungu. Unga sikubeba, ni uzito wa bure. Unga laini mweupe wa ngano unafanya kazi. Mayai huko kiini chake ni cha rangi kali, mengine huuzwa yakiwa yameandikwa “pasta gialla”, yaani pasta ya njano, kwa hiyo pasta yako ikitoka nyeupe usishtuke, ladha ipo. Kinachoharibu zaidi ni kuchelewa. Rudia ndani ya wiki ya kwanza, mikono ingali inakumbuka.

Mimi nilirudia siku ya tatu. Nilikanda dakika kumi na tano kwa saa, sikugusa maji, nikapumzisha. Kisha nikasahau feni. Nilipofika nusu ya kusukuma, kingo zilikuwa zimekakamaa kama karatasi, na sfoglia ikapasuka vipande vitano. Nikakumbuka kwamba Signora, alipokuwa akikusanya mabaki yetu mezani, alisema yana jina: maltagliati, yaani yaliyokatwa vibaya, na huuzwa hata dukani. Nikachukua kisu, nikaikata yote ovyo ovyo, nikaitia kwenye supu ya maharage. Waliokula waliomba niongeze.