Rufaa ya somo moja, mwezi wa tano sasa

SWALI: Shikamoo mama wakili. Niko Mtama, Lindi. Nilifeli somo moja, nikaomba mtihani usahihishwe upya na ada nikalipa. Mwezi wa tano sasa, chuo (cha umma) kinanijibu "subiri". Baba aliuza korosho kunisomesha, kila siku anauliza cheti. Nifanyeje?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Acha kupiga simu, simu haiachi ushahidi. Mwandikie msajili barua, ambatisha risiti, taja kifungu cha kanuni za mitihani kinachoweka muda wa kujibu, kama kipo. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Bila muhuri huo hata mimi sina cha kukusaidia.

Wakikaa kimya, nenda Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ofisi yao ya Lindi. Kulalamika ni bure.

Mwisho ni Mahakama Kuu, Mtwara, kuomba amri ya kukilazimisha chuo kitoe uamuzi. Alama hutapewa huko. Jaji hasahihishi mitihani. Ila kwanza huombwa kibali cha mahakama cha kuleta ombi hilo, nacho kiombwe ndani ya miezi sita. Siku zianze kuhesabiwa lini, hapo mawakili hubishana sana, kwa hiyo barua iende Jumatatu hii.