Muulize Shangazi: "Huko mpakani hakuna choo cha wanawake"

SWALI: Shikamoo Shangazi. Nina miaka 26, ni ripota wa redio hapa Kisoro. Kila mapigano yakichacha upande wa Congo, mhariri anawatuma vijana wa kiume Bunagana, mji wa mpakani, mimi ananiachia bei ya viazi na sherehe za shule. Juzi nililalamika, akasema: "Huko hakuna choo cha wanawake, na ukipatwa na jambo mama yako atanidai mimi." Nifanyeje? – Wa Viazi, Kisoro

JIBU: Marahaba, mwanangu. Hicho choo nakifahamu, ni cha zamani sana. Mwaka 1950 huko Korea, Jenerali Walton Walker wa Marekani alimfukuza mwandishi wa habari Marguerite Higgins vitani kwa hoja hiyo hiyo. Higgins akapeleka malalamiko kwa mkubwa wa Walker, Douglas MacArthur, akarudishwa, na mwaka 1951 akapata Pulitzer, tuzo kubwa ya uandishi wa habari Marekani, pamoja na wanaume 5. Kabla yake, Juni 1944, mwandishi mwenzake Martha Gellhorn alinyimwa ruhusa ya kwenda na majeshi yaliyovamia Normandy, Ufaransa. Akapanda meli ya hospitali, akajifungia wapi? Chooni! Meli ikang'oa nanga naye yumo.

Mimi mwaka 2003 nilikwenda Gulu, kaskazini mwa Uganda, kwa basi, mhariri wangu akijua niko mazishini. (Uongo huo usiuige. Ningeuawa, ofisi ingenitafuta matangani.) Jioni ya kwanza nikawaona watoto wakimiminika mjini kutoka vijijini, waje kulala barazani wasitekwe na waasi wa LRA. Mmoja, msichana wa kama miaka 9, alikuwa na mkeka kichwani na mdogo wake mgongoni. Alipofika kwenye baraza ya duka akafagia kwanza kwa kiganja, akapuliza vumbi, ndipo akatandika. Wenzangu waliandika idadi ya waasi waliouawa, kama walivyotajiwa na jeshi. Mimi niliandika kiganja. Kesho yake, kwenye foleni ya maji kambini, akina mama wakanieleza mambo ambayo hawangemwambia mwanamume hata kwa dawa. Na vizuizini nilisaidiwa na Kiswahili, hiki ambacho Kampala wengine bado wanakiita cha askari: msalimie mwanajeshi kwa lugha yake ya kazi uone bunduki inavyoshuka.

Kwa hiyo usianze na Bunagana. Omba Nyakabande, kituo cha kupokea wakimbizi hapo hapo wilayani kwenu. Waasi wa M23 wa Congo walipoiteka Bunagana Juni 2022, waliokimbia walipokewa pale. Nenda na kinasa sauti, kaa na wanawake wanapopika, rudi na sauti ambazo vijana wa mhariri wako hawana. Atakapozitaka tena, ndipo umtajie mpaka.

Kuhusu mama yako kumdai: na amdai! Muulize mhariri, kwa maandishi, nani atalipa hospitali ripota akijeruhiwa, awe wa kike au wa kiume. Mwandishi wa vita Marie Colvin alipoteza jicho Sri Lanka mwaka 2001, akauawa Homs, Syria, mwaka 2012, na uzoefu wake wote ule. Jifunze huduma ya kwanza, hasa kuzuia damu. Mwachie mtu mmoja njia utakayopita na saa utakayopiga simu. Saa ikipita, asingoje.

Na choo? Beba leso mbili. Moja ishikwe na mwenzako wakati umechuchumaa nyuma ya migomba, ya pili ya kujifunika usiku. Kisoro kuna baridi.