Kupe uani: nipulizie dawa ukoka wote?

SWALI: Shikamoo, Bwana Mifugo. Mbele ya nyumba tuna ukoka, na watoto hushinda hapo wakicheza na mbwa wetu wawili. Tangu masika yaishe kupe wamezidi, na jana nimemkuta mmoja nyuma ya sikio la mwanangu. Kijana wa bustani anataka kupuliza dawa ya ng'ombe uwanja mzima. Nimruhusu?
Mama wa watoto watatu, Usa River

JIBU: Marahaba, mama, na pole kwa mtoto. Usimruhusu. Kwanza washa tochi usiku, ukague banda la mbwa: nyufa za ukuta, kona za juu, chini ya mbao wanazolalia. Kupe anayesumbua majumbani kwetu mara nyingi ni yule wa kahawia wa mbwa. Akishashiba damu hudondoka, akapanda ukutani na kujichimbia kwenye ufa. Jike mmoja hutaga humo mayai kwa maelfu. Vitoto vyake vina miguu 6 na ni vidogo kama mbegu za mchicha, ndiyo maana hamvioni. Ukimwagia ukoka dawa utaua nyuki, na kupe wako salama ukutani.

Kwa hiyo mbwa na banda vishughulikiwe siku moja. Choma magunia ya kulalia, ziba nyufa kwa saruji, pulizia zilizobaki, kisha rudia baada ya wiki mbili tatu, kwa sababu mayai hayafi kwa dawa ile ya kwanza. Dawa ya mbwa nunua kwa daktari wa mifugo, iliyoandikwa ni ya mbwa. Kama mnafuga paka, mwambie kabla hajakuuzia, maana dawa zenye permethrini humuua paka. Na ninawasihi wasomaji wote: msimpake mbwa oili chafu ya gari! Inamchoma ngozi, na akijilamba inamdhuru tumboni.

Ukoka wenyewe ukateni mfupi jua lifike chini, mfagie na majani makavu kwenye michongoma. Ila kama ng'ombe wa jirani hupita hapo, jua kuna kupe wa pili, yule wa masikio ya ng'ombe, anayeeneza ndigana kali, ugonjwa wa ng'ombe. Huyo ndiye hukaa kwenye ncha za nyasi akivizia mnyama apite. Zungumza na jirani, mzibe njia.

Kagueni watoto kila jioni: nyuma ya masikio, kwapani, kinenani. Ukimkuta kupe, mshike kwa kibano karibu kabisa na ngozi, mvute taratibu moja kwa moja. Mafuta ya taa na kiberiti hapana. Osha kwa sabuni. Huyo aliyeumwa jana mwangalie kwa wiki mbili. Akipata homa, kichwa kikamuuma, au pakatokea kidonda chenye gamba jeusi, mpeleke hospitali umtajie daktari kupe waziwazi, asije akapimwa malaria tu na kurudishwa nyumbani.