Kwa nini baharia hageuki tajiri, hata samaki wakipanda bei

Kaka, umeuliza mbona samaki wamepanda bei hapa Bagamoyo na mabaharia wako palepale. Tazama mgao, achana na bei. Tuseme chombo kimeuza samaki wa shilingi 600,000. Toa mafuta, barafu na chakula, 200,000. Zinabaki 400,000: nusu ya tajiri, yaani mwenye chombo, injini na nyavu, nusu ya watu 8. Kila baharia 25,000, tajiri 200,000, naye huenda hakulowa hata kisigino. (Mgao hutofautiana chombo kwa chombo.) Mauzo yakifika 1,200,000 kwa gharama ileile, baharia anapata 62,500 na tajiri 500,000. Wote wamepanda, pengo limezidi mara mbili.

Bahari ikichafuka, baharia anakopa kwa mchuuzi. Mkopo eti hauna riba. Riba imo kwenye bei: lazima amuuzie yeye, kwa bei anayoitaka yeye, na deni haliishi. Hapo ndipo mtoto anarithi kasia badala ya chombo.

Tafuteni mkopo usiofunga samaki. Halmashauri hutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa vikundi, bila riba: 4 wanawake, 4 vijana, 2 watu wenye ulemavu. Vikundi vingine hufa kwa kugawana hela siku ileile. Nunueni injini moja, risiti iandikwe jina la kikundi, na fungu la matengenezo litoke kabla ya mgao.