Jibu: Leseni ya filamu inatosha kwenda kurekodi Mau?

Ndugu, umeuliza kama leseni ya kupiga filamu inatosha kutoka hapa Nairobi kwenda msitu wa Mau kuwarekodi wazee wa Ogiek, jamii ya asili ya msitu huo, wakieleza habari za nyuki na miti ya dawa. Haitoshi hata kidogo. Leseni inakuruhusu kupiga picha. Haikupi haki juu ya maarifa ya watu. Tuna sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi, na inataka jamii yenyewe iridhie kwanza ikijua utayafanyia nini.

Safari ya kwanza acha kamera. Omba kikao, wanawake na vijana wawepo, usitegemee neno la mzee mmoja aliyekukaribisha. Waulize nini kisionekane. Mzinga wa gogo ulioning'inia mtini hauna shida. Lakini ukionyesha gome la dawa kwa karibu, na jani lake, na njia ya kufika pale, umeshamwelekeza mtu mwenye panga na gunia. Mimi picha hiyo naiondoa, hata iwe nzuri kuliko zote.

Na usisahau suala la ardhi. Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu kule Arusha iliamua mwaka 2017 kwamba Kenya ilikiuka haki za Waogiek kwa kuwafukuza Mau, na mwaka 2022 ikaamuru walipwe fidia. Kwa hiyo anayezungumzia kufukuzwa msituni achague mwenyewe kama sura yake itaonekana.

Ukimaliza kuhariri, waonyeshe wao kwanza, na uwaachie nakala ya rekodi zote, si filamu tu.